Bolivia haina bahari, mbona ina wanamaji?

Swali: "Shikamoo mwalimu. Naandika kutoka Kigoma. Juzi mwanangu wa kidato cha pili alinionyesha picha ya gwaride la wanamaji wa Bolivia, sare nyeupe na bendera mbele. Tukafungua ramani, tukaona Bolivia imezungukwa na nchi kavu pande zote. Yeye anasema ramani imekosea, mimi nasema picha ndiyo ya uongo. Je, nchi hiyo iliwahi kuwa na pwani? Kama ilinyang'anywa, mbona mpaka leo hairudishiwi hata kipande? Na hao wanamaji wanalinda nini?"

Marahaba. Ramani haijakosea na picha si ya uongo, kwa hiyo mmetoka sare. Bolivia ilikuwa na pwani ya kilomita kama 400 kwenye Bahari ya Pasifiki, ikaipoteza vitani mwaka 1879. Cha kuchekesha, kama si cha kusikitisha, ni kwamba ilipokuwa na bahari haikuwa na manowari hata moja ya kupigania. Jeshi la majini mnaloliona pichani liliundwa mwaka 1963, miaka zaidi ya 80 baada ya maji ya chumvi kuondoka mikononi mwake.

Kisa chenyewe kinaanza na mipaka ya Wahispania. Nchi tunayoiita Bolivia walikuwa wakiiita Charcas, au Peru ya Juu, na kilichowapeleka huko ni madini ya fedha ya mlima wa Potosí. Fedha hiyo ilishushwa kutoka milimani kwa misafara ya wanyama mpaka bandari ya Arica, ambayo ndiyo iliyo karibu na yenye njia nzuri. Bolivia ilipojitangaza huru tarehe 6 Agosti 1825, makoloni ya zamani yalishika kanuni moja: kila nchi ibaki na mipaka ya utawala ilivyokuwa mwaka 1810. Ndiyo kanuni ileile ambayo marais wa Afrika waliikubali Cairo mwaka 1964 walipoamua tusiguse mipaka ya wakoloni. Kwa kanuni hiyo Arica ikaangukia Peru. Mlango wa nyumba ukawa wa jirani, Bolivia ikapewa kipande cha ukuta kusini yake, kwenye jangwa la Atacama.

Simón Bolívar mwenyewe, mkombozi ambaye nchi ilipewa jina lake, aliliona tatizo. Mwishoni mwa mwaka huohuo wa 1825 aliamuru Cobija, kijiji cha wavuvi, kiwe bandari ya taifa. Amri ni rahisi kuandika. Cobija ilikuwa na maji matamu kidogo mno, haikuwa na malisho, na kufika huko kutoka Potosí ulivuka kwanza Milima ya Andes, kisha jangwa kavu kuliko karibu yote duniani, wiki nzima nzima ukiwa na nyumbu wa mizigo (wale watoto wa punda na farasi, si wa Serengeti). Wafanyabiashara wa La Paz walipiga hesabu wakaendelea kupitisha bidhaa zao Arica, wakilipa ushuru kwa Peru. Kwa hiyo Bolivia ilikuwa na pwani kwenye makaratasi na bendera kwenye mlingoti, lakini watu wake, fedha zake na njia zake vilibaki juu milimani. Nakuomba ulishike hilo, maana kwa maoni yangu vita vya 1879 vilikwisha kushindwa hapo, kabla hawajazaliwa wengi wa askari waliovipigana.

Jangwa lile lingebaki bila kugombaniwa kama si mavi ya ndege. Niwie radhi, lakini ndivyo ilivyokuwa. Kuanzia miaka ya 1840 wakulima wa Ulaya walinunua kwa pupa gwano, yaani kinyesi cha ndege wa baharini kilichorundikana karne na karne kwenye pwani isiyo na mvua ya kukiosha. Ilikuwa mbolea ya ajabu. Baadaye ikaja shura, chumvi inayochimbwa juujuu ya ardhi ya jangwa lilelile, nayo ilifaa kwa mashamba na kwa baruti pia. Mwaka 1870 yakagunduliwa madini ya fedha mahali paitwapo Caracoles. Tangu gwano ilipoanza kununuliwa, kila mtu alikuwa amekumbuka kuwa mpaka wa Bolivia na Chile haukuwahi kupimwa.

Chile ilidai mpaka latitudo ya 23 kusini. Bolivia ilidai uko chini zaidi. Mwaka 1866 zikakubaliana mpaka upite latitudo ya 24, na mapato ya madini kati ya latitudo ya 23 na 25 zigawane nusu kwa nusu. Ugawanaji huo uliwashinda, kama unavyowashinda hata ndugu wa tumbo moja. Mwaka 1874 wakaandika mkataba mpya: mpaka ubaki latitudo ya 24, Chile iache kudai mgawo, na Bolivia iahidi kutowaongezea kodi Wachile na kampuni zao katika eneo hilo kwa miaka 25. Wapo watu Chile ambao mpaka leo husema Bolivia haikuwahi kuwa na pwani. Mikataba hii miwili inawajibu, maana huwezi kutia saini mpaka na jirani kuhusu ardhi ambayo hakuwa nayo.

Tatizo ni kwamba mwenye ardhi hakuwa ndiye aliyeishi juu yake. Mji wa Antofagasta ulikua kutokana na shura, na waliouchimba, kuujenga na kuupikia walikuwa Wachile waliopanda kutoka kusini. Mtaji ulikuwa wa Wachile na Waingereza, kupitia Kampuni ya Shura na Reli ya Antofagasta. Wabolivia walikuwa wachache ndani ya mji wao wenyewe: mkuu wa mkoa, polisi, na makarani wa forodha.

Kisha balaa zikafuatana. Mei 1877 tetemeko na tsunami vilipiga pwani, na Cobija haikuinuka tena. Leo ni magofu. Milimani ukame ukaleta njaa. Serikali ya Rais Hilarión Daza ilikuwa mikono mitupu, ikitafuta senti popote. Tarehe 14 Februari 1878 bunge la Bolivia likapitisha sheria fupi: kampuni ya shura ilipe senti 10 kwa kila kwintali inayosafirishwa nje, yaani kwa kila kilo 46 hivi. Kampuni ikakataa, ikitaja mkataba wa 1874, na wenye hisa wake walikuwa na watu wa kuwasikiliza Santiago, mji mkuu wa Chile. Bolivia ikajibu kwamba hiyo si kodi bali ni sharti la mkataba wake na kampuni binafsi. Nimezisoma hoja zote mbili mara nyingi, na naona kisheria Chile ilikuwa na haki ya kulalamika. Kulalamika ni jambo moja, kuteremsha majeshi ni jingine. Mapema mwaka 1879 Daza akafuta kibali cha kampuni, na mali yake ikapangiwa mnada tarehe 14 Februari. Siku hiyohiyo, mwaka mmoja kamili tangu sheria ipite, meli za kivita za Chile zilitia nanga Antofagasta zikashusha mamia ya askari. Mnada haukufanyika. Wakazi wengi waliwapokea kwa bendera za Chile, kwa sababu walikuwa Wachile.

Vita vyenyewe nitavipitia haraka, maana kwa Bolivia vilikuwa vifupi. Mwaka 1873 ilikuwa imetia saini mkataba wa siri wa kusaidiana na Peru, kwa hiyo Aprili 1879 Chile ikatangaza vita dhidi ya zote mbili. Katika jangwa lisilo na barabara wala visima, mwenye bahari ndiye anayewapa askari chakula na maji, hivyo kila kitu kilitegemea manowari. Bolivia haikuwa nazo. Peru ilikuwa na Huáscar, manowari ya deraya (iliyovikwa chuma) chini ya Miguel Grau, ambaye aliisumbua Chile kwa miezi kadhaa mpaka alipouawa Angamos tarehe 8 Oktoba 1879. Baada ya hapo pwani yote ikawa wazi. Mwezi uliofuata Daza aliongoza jeshi lake jangwani kwenda kuwasaidia Waperu, akafika Camarones, akageuza njia akarudi. Mwezi wa Desemba askari wake walimpindua. Tarehe 26 Mei 1880 majeshi ya muungano yalivunjwa nje ya mji wa Tacna, na Wabolivia wakapanda milimani wasirudi tena. Peru iliachwa ipigane peke yake, na Januari 1881 Chile iliingia Lima.

Mtu mmoja tu wa vita hivyo nitasimama kwake kidogo, kwa sababu sanamu yake utaikuta La Paz na kila mtoto wa shule Bolivia anamjua. Eduardo Abaroa hakuwa askari. Alikuwa raia wa kawaida, na tarehe 23 Machi 1879 alikuwa miongoni mwa watu wachache waliojaribu kuzuia jeshi la Chile kwenye kivuko cha Topáter, mto Loa, karibu na Calama. Inasimuliwa kwamba alipotakiwa ajisalimishe alijibu, "Nijisalimishe? Akajisalimishe bibi yako!" na akaongeza tusi ambalo sitaliandika hapa. Akapigwa risasi. Tarehe hiyo ndiyo Siku ya Bahari ya Bolivia, na magwaride kama lile la pichani hufanyika siku hiyo.

Sasa tuje kwenye swali lako zito, la kwa nini hairudishiwi. Vita vilipokwisha, mwaka 1884 Bolivia na Chile ziliandikiana usimamishaji wa mapigano tu, wala si amani. Chile ikabaki na pwani. Mwaka 1900 balozi wa Chile mjini La Paz, Abraham König, aliwaandikia wenyeji wake bila kuuma maneno kwamba haki za Chile zinatokana na ushindi, ambao ndio sheria kuu ya mataifa. Wabolivia hawajaisahau barua hiyo, na sidhani kama wataisahau. Tarehe 20 Oktoba 1904 mkataba wa amani ukatiwa saini. Bolivia ilikubali kwamba pwani ni ya Chile moja kwa moja. Chile ilikubali kulipa pauni 300,000, kujenga reli kutoka Arica hadi La Paz, na kuiachia Bolivia haki ya kupitisha mizigo yake bila kizuizi, milele. Reli ilifunguliwa mwaka 1913.

Chile tangu hapo ina jibu moja: mlitia saini, miaka 20 baada ya bunduki kunyamaza. Bolivia nayo husema ilitia saini ikiwa imekabwa koo. Lakini hata Chile ingeamka kesho na moyo wa huruma, kuna kufuli ambalo watu wengi hawalijui, na hilo ndilo jibu la kweli la swali lako.

Chukua tena ramani. Pwani iliyopotezwa na Bolivia iko Antofagasta. Chile ikiirudisha hiyo, itakatika vipande viwili, na kaskazini yake itabaki peke yake kama kisiwa. Hakuna serikali itakayokubali hilo. Njia pekee isiyoikata Chile ni ukanda mwembamba juu kabisa, kati ya mji wa Arica na mpaka wa Peru. Lakini Arica haikuwa ya Bolivia kamwe! Ilikuwa ya Peru, ikatekwa katika vita hivyohivyo, na mgogoro wake ukamalizwa mwaka 1929, Tacna ikarudi Peru na Arica ikabaki Chile. Katika itifaki ya mkataba huo nchi hizo mbili ziliandika kwamba hakuna itakayompa mtu wa tatu sehemu ya maeneo hayo bila idhini ya mwenzake. Mtu wa tatu hakutajwa jina. Hakukuwa na haja.

Mwaka 1975 ilikaribia kutokea. Madikteta wawili, Hugo Banzer wa Bolivia na Augusto Pinochet wa Chile, walikumbatiana kwenye stesheni ya mpakani ya Charaña. Chile ikasema itatoa ukanda huo, nayo Bolivia itoe ardhi ya ukubwa uleule. Peru ilipoombwa idhini ikaja na pendekezo lake mwaka 1976: sehemu ya pwani isimamiwe na nchi zote tatu pamoja. Chile ikakataa hata kulijadili. Mwaka 1978 Bolivia ikakata uhusiano wa kibalozi, na miaka iliyofuata nchi hizi jirani hazikuwa na mabalozi katika miji mikuu ya wenzao.

Jaribio kubwa la mwisho lilikuwa la Rais Evo Morales. Mwaka 2013 aliipeleka Chile kwenye Mahakama ya Kimataifa ya Haki, The Hague. Hakuomba arudishiwe pwani, maana mawakili wake walijua mkataba wa 1904 ungewakwamisha. Aliomba jambo la ujanja zaidi: mahakama itamke kwamba Chile, kwa ahadi ilizozitoa miaka yote hiyo, ina wajibu wa kukaa mezani kuzungumza. Tarehe 1 Oktoba 2018 hukumu ikasomwa, mahakama ikiwa chini ya urais wa Msomali, Abdulqawi Ahmed Yusuf. Majaji 12 dhidi ya 3 waliamua kwamba Chile haina wajibu huo kisheria. Mahakama iliongeza kuwa hukumu hiyo isiwazuie kuzungumza kwa ujirani mwema. Uwanjani La Paz watu walikuwa wamekusanyika kuitazama kwenye skrini kubwa. Walirudi nyumbani kimya.

Labda utauliza, kama mizigo inapita Arica bila kizuizi, kelele za nini? Wewe wa Kigoma unalielewa hili kuliko wengi. Mwaka 1921 Waingereza waliwapa Wabelgiji maeneo ya bandari hapo Kigoma na Dar es Salaam, kwa ajili ya mizigo ya Congo na Ruanda-Urundi, kwa kodi ya faranga moja kwa mwaka, tena milele. Ulipokaribia uhuru mwaka 1961, Nyerere alisema Tanganyika haitafungwa na mkataba wa namna hiyo, kwa sababu mkoloni hana mamlaka ya kugawa nchi ya watu milele. Upande wa mwenye bandari, neno "milele" linaudhi. Upande wa mwenye mizigo, neno hilo halitoshi, kwa sababu mwenye bandari ndiye anayepanga bei ya ghala, ndiye mwenye makuli wanaogoma, na ndiye anayeamua lori lisubiri siku ngapi. Malalamiko ya Wabolivia kuhusu Arica ni hayohayo utakayoyasikia kwa msafirishaji wa Bujumbura.

Ila Burundi haijawahi kuwa na pwani, kwa hiyo haiililii. Anayefanana na Bolivia hapa kwetu ni Ethiopia, iliyobaki bila bahari Eritrea ilipojitenga mwaka 1993. Kukosa ni kitu kimoja. Kupoteza ni kidonda, na wanasiasa hupenda kukitonesha. Mwaka 2003 serikali ya Gonzalo Sánchez de Lozada ilipotaka kuuza gesi ya nchi kupitia bandari ya Chile, watu waliingia barabarani. Walikuwa na madai mengine mengi, lakini Chile kutajwa kulimwaga petroli kwenye moto. Makumi ya watu waliuawa, na mwezi wa Oktoba rais akajiuzulu.

Binafsi nadhani bahari imepewa lawama nyingi kuliko inavyostahili. Kilichoumiza zaidi mfuko wa Bolivia ni nchi kavu iliyokwenda pamoja na pwani, kilomita za mraba kama 120,000. Shura ilikuja kuporomoka Wajerumani walipojua kutengeneza mbolea kiwandani. Lakini jangwani humo ndimo ulimo mgodi wa shaba wa Chuquicamata, karibu na palepale alipofia Abaroa, mmoja wa migodi mikubwa ya wazi duniani. Kwa miongo mingi shaba hiyo imeendesha bajeti ya Chile. Hakuna Siku ya Shaba Bolivia. Shaba haiandikiki nyimbo kama mawimbi.

Nimalizie na wanamaji. Wako kama 5,000, na kazi wanayo. Sehemu kubwa ya Bolivia si milima bali ni misitu ya bonde la Amazon, na huko mito kama Mamoré na Beni ndiyo barabara. Wanadhibiti magendo, wanaokoa watu wakati wa mafuriko, wanafikisha huduma vijiji visivyo na njia nyingine. Wengine wako Ziwa Titicaca, ambalo uso wake uko mita 3,812 juu ya usawa wa bahari, juu zaidi ya kambi ya Horombo pale Kilimanjaro, na karibu mara tano ya kimo cha ziwa lenu Tanganyika. Huko nako kuna jamaa wa Liemba: meli ya Yavari, iliyotengenezwa Uingereza mwaka 1862, ikabebwa vipandevipande kwa nyumbu kupanda Andes, na kuelea ziwani mwaka 1870. Upande wa Peru, lakini.

Na kama bendera kwenye picha yenu inaonekana vizuri, mwambie kijana ahesabu nyota. Bendera ya wanamaji wa Bolivia ni ya buluu, na ina nyota tisa ndogo, moja kwa kila mkoa wa nchi. Pembeni kuna ya kumi, kubwa kuliko zote. Hiyo ni ya mkoa wa Litoral, ambao makao makuu yake yalikuwa Cobija.